Aliyejua Hakuulizwa

Mtu akifa tunamlilia, tunamzika, na tunakaa matanga. Katika mazungumzo ya matanga hayo ndipo tunapoambiana alivyougua, alivyotibiwa na alivyokata roho. Mradi ukifa hauna matanga. Siku ya kuzaliwa kwake palikuwa na ngoma, hotuba na utepe wa kukatwa. Siku ya kufa kwake hakuna anayeijua. Mashine inaota kutu, jengo linageuka makao ya popo, na watu wanapita pembeni kama wapitavyo nyumba yenye deni. Kwa kuwa hatuzungumzi juu ya kifo chake, hatujifunzi lililomwua, na mradi unaofuata hufa kwa ugonjwa ule ule.

Nimekuwa mwalimu, kisha mkuu wa chuo cha ualimu, kwa sehemu kubwa ya maisha yangu. Nimeshiriki kuanzisha miradi mingi ya kazi, na mingine nimeiona ikifa mikononi mwangu. Sasa nimestaafu, na swali moja halijaniacha: mradi unaposhindwa, je, kosa huwa ni la akili au ni la moyo? Yaani, tunashindwa kwa sababu hatukujua, au kwa sababu hatukutaka kujua?

Majibu ya kawaida tunayafahamu. Fedha zilichelewa. Vipuri havikupatikana. Wafanyakazi walikuwa wazembe. Mara nyingine majibu hayo ni ya kweli, nami siwezi kuyapuuza. Lakini nimegundua kwamba aghalabu nyuma ya jibu la namna hiyo kuna mtu aliyeyajua yote mapema, wala hakuulizwa.

Hebu tuuangalie mradi mmoja mkubwa uliofia katika nchi yetu kabla ya uhuru. Baada ya Vita Kuu ya Pili, Waingereza walikuwa na uhaba wa mafuta ya kupikia. Mwaka 1946 Frank Samuel, mkurugenzi wa kampuni ya United Africa iliyokuwa tanzu ya Unilever, aliipelekea serikali yao wazo la kulima karanga kwa mashine katika Afrika Mashariki. Wataalamu watatu, wakiongozwa na John Wakefield, aliyepata kuwa mkurugenzi wa kilimo Tanganyika, walizunguka kwa wiki 9, sehemu kubwa kwa ndege, wakarudi na ripoti yenye matumaini. Mwaka 1947 mpango ukatangazwa: ekari 3,210,000 zifyekwe na kulimwa katika miaka 6, nyingi zikiwa Tanganyika, kwa gharama ya pauni milioni 24 hivi. Sehemu ya kuanzia ilikuwa Kongwa, katika Ugogo.

Niliwahi kufika Kongwa kukagua walimu wanafunzi katika mazoezi ya kufundisha. Ni nchi nzuri kuitazama, pana, yenye mibuyu na anga kubwa. Nikisimama pale niliweza kuelewa jinsi mtu aliye ndani ya ndege anavyoweza kuipenda ardhi ile na kudhani kwamba inamsubiri yeye. Lakini ardhi haisomwi kutoka juu. Vichaka vya Kongwa vina mizizi iliyovunja majembe ya matrekta. Matrekta yenyewe mengi yalikuwa ya mitumba, masalia ya jeshi la Marekani yaliyonunuliwa huko Ufilipino, na hata vifaru vya vita vilifanywa kuwa matingatinga. Udongo wa mfinyanzi wa pale mvua ikikatika huganda kama saruji, na karanga iliyomo ndani haing'oki. Na mvua yenyewe ya Ugogo, ndugu msomaji, si ya kuaminiwa.

Jambo hilo la mwisho ndilo linaloniumiza. Wataalamu hawakuwa na kumbukumbu za mvua za miaka mingi kwa Kongwa. Lakini kumbukumbu zilikuwapo, ila hazikuwa katika madaftari. Kila mzee wa Kigogo alikuwa na habari ya njaa ya Mtunya, ile ya mwishoni mwa Vita Kuu ya Kwanza, na za njaa nyingine. Wagogo hawakufuga ng'ombe kwa sababu ya ujinga wa kilimo. Walifuga kwa sababu ng'ombe anaweza kutembea kuifuata mvua, na shamba haliwezi. Ujuzi huo ulikuwa umegharimiwa kwa maisha ya watu, na ungeweza kupatikana bure, chini ya mti, kwa mazungumzo ya asubuhi moja.

Msimu wa kwanza ulitakiwa ufyeke ekari 150,000. Zilizopandwa zilikuwa kama 7,500. Hapo palikuwa pahali pa kusimama na kuuliza. Badala yake mpango uliendelea, na Waziri wa Chakula wa Uingereza, John Strachey, aliendelea kuutetea Bungeni. Mwezi Januari 1951 ukafutwa, na pauni milioni 36 hivi zikahesabiwa kuwa hasara. Kusini ilibaki bandari ya Mtwara, ambayo inatufaa mpaka leo. Reli ya kwenda Nachingwea iling'olewa baada ya uhuru. Na Kongwa? Leo kuna ranchi ya ng'ombe. Yaani ardhi imerudi kwenye jibu lile lile ambalo Wagogo wangelitoa mwaka 1946.

Aristotle, yule mwanafalsafa wa Wayunani, alipata kusema jambo ambalo ningependa kila mkuu wa kazi alijue. Alisema kwamba si kila kitu huamuliwa vyema zaidi na aliyekitengeneza. Mwenye kuishi katika nyumba huijua nyumba kuliko mjenzi, nahodha huujua usukani kuliko seremala, na mgeni karamuni huujua mlo kuliko mpishi. Tunalisikia neno hili na kutikisa kichwa kwa kukubali. Kisha tunaingia katika kikao cha mradi, na mwenye kuishi katika nyumba hakualikwa.

Ni rahisi kuwacheka Waingereza wa Kongwa. Mimi nimeacha kuwacheka, na nitaeleza kwa nini.

Chuo chetu, kama vyuo vingine vilivyofuata Elimu ya Kujitegemea, kilikuwa na ng'ombe. Mwaka 1994 walitujia wafadhili waliotaka kutujengea mtambo wa gesi itokanayo na samadi, ili uji wa asubuhi wa wanafunzi upikwe bila kuni. Nilifurahi sana. Kuni zilikuwa zimetumaliza, na vilima vya jirani vilikuwa vimebaki uchi. Katika fomu yao palikuwa na swali: Chuo kina ng'ombe wangapi? Nikaandika 24. Idadi hiyo ilikuwa sahihi. Mhandisi akapiga hesabu ya samadi ya ng'ombe 24 kwa siku, akapata gesi ya kutosha, na bado ikabaki kidogo.

Ng'ombe wetu walikuwa wa kienyeji, na walichungwa. Walitoka zizini baada ya jua kuchomoza wakarudi magharibi. Samadi ya mchana ilibaki huko porini. Tuliyoipata zizini ni ya usiku tu. Na kiangazi, malisho yakikauka, walipelekwa mbali na kulala huko siku kadhaa. Jambo hili alilijua mzee mmoja aliyekuwa mchunga ng'ombe wetu, mtu mpole asiye na maneno mengi. Hakuitwa katika kikao. Kikao kilikuwa cha wataalamu na wakuu wa idara, tukanywa chai, tukatia sahihi.

Mtambo ulipokuwa ukijengwa, mzee huyo alinisimamisha njiani akavua kofia. "Shikamoo, Mkuu. Hilo shimo nimelitazama. Sasa hawa ng'ombe watakuwa wanalala ndani mchana?" Nikamjibu, "Marahaba, mzee. Wataalamu wameshapiga hesabu." Akasema, "Haya, Mkuu," akaenda zake. Nimelirudia swali lake moyoni mara nyingi. Lilikuwa swali bora kuliko yote yaliyoulizwa katika mradi ule, na nililijibu kwa cheo changu.

Siku ya uzinduzi ilipokaribia nikaagiza ng'ombe wafungiwe zizini kwa siku nne, na wanafunzi wawakatie majani. Samadi ikajaa, mgeni rasmi akawasha jiko, moto wa buluu ukatoka, tukapiga makofi. Hapo ndipo ninapolikamata kosa langu. Mpaka siku ile ningeweza kusema kwamba sikujua. Lakini mtu anayeagiza ng'ombe wafungiwe siku nne anajua. Nilijua, na nikaupanga ushahidi ili ijulikane vingine.

Baada ya miezi mitatu moto ulikuwa mdogo kama wa koroboi, na mpishi akarudi kwenye kuni. Ikanibidi kuandika taarifa. Niliandika kwamba mradi unaendelea vizuri, isipokuwa kuna uzembe wa mchunga ng'ombe katika kukusanya samadi. Neno moja tu, uzembe. Nililiandika jioni nikiwa nimechoka, ili nijaze ile nafasi iliyoandikwa Matatizo. Nakala ikaingia katika jalada. Mwaka uliofuata ilipokuja amri ya kupunguza wafanyakazi, majalada yakafunguliwa, na neno lile likasomwa. Mzee akapunguzwa. Alikuja ofisini kuniaga, akanishukuru kwa miaka tuliyokaa pamoja. Sikumwambia kitu.

Wahenga walisema, mficha maradhi kilio humfichua. Ni kweli, lakini hawakuongeza kwamba mara nyingi anayelia ni mwingine. Katika miradi, anayeamua siye anayelipa. Huko Kongwa waliolipa ni walipa kodi wa Uingereza na wenyeji waliofyekewa nchi yao. Chuoni kwangu alilipa mchunga ng'ombe. Kwa sababu hiyo nasema kwamba kushindwa kwa mradi ni jambo la maadili, si la ufundi peke yake.

Mtu anaweza kunipinga. Atasema kwamba mkuu wa kazi hawezi kumsikiliza kila mtu. Kwamba wapo wanaopinga kila jipya kwa hofu au kwa wivu. Na kwamba tukingoja kila mmoja aridhike hatutajenga hata choo. Pingamizi hili lina uzito. Manahodha wengi, chombo huenda mrama. Lakini kusikiliza si kutii. Kama ningemkalisha mzee yule chini kwa robo saa, bado uamuzi ungebaki wangu. Pengine tungejenga mtambo mdogo, au tungefuga ng'ombe watatu wa ndani, au tungewaambia wafadhili asante, tupeni miche ya miti. Hakuna uongozi ambao ungepotea.

Tena tusisahau kwa nini wanaojua hunyamaza. Kwa miaka mingi tulikuwa na jina la kumpa mwenye kuuliza maswali magumu: mpinga maendeleo. Mtu mwenye watoto wa kusomesha hawezi kulibeba jina hilo. Kwa hiyo anasema "Haya, Mkuu", na sisi tunaihesabu "haya" yake kuwa ni kura.

Usimamizi bora wa miradi siku hizi ni taaluma kamili. Kuna chati zilizopewa jina la Henry Gantt, zinazoonyesha kazi ipi ianze lini na iishe lini. Kuna bango kitita la wafadhili, lenye lengo, shughuli na vielelezo. Nimefundishwa vyote, navyo vinasaidia. Lakini chati haikatai kuandikwa uongo. Chombo nilichokipenda zaidi ni rahisi kuliko hivyo, nacho kilielezwa mwaka 2007 na mwanasaikolojia wa Marekani, Gary Klein. Kabla ya kazi kuanza, wote wanaohusika hukaa na kuambiwa: tuseme muda umepita na mradi umekwisha kufa, kila mmoja aandike umekufa kwa nini. Uzuri wake ni kwamba unamwondolea mnyonge woga. Hapingi mradi; anajibu swali aliloulizwa. Ni kama kukaa matanga kabla ya msiba, wakati mgonjwa bado anaweza kupona.

Kwa hayo ningeongeza mawili. Anza kwa kuonja: lima ekari chache kabla ya milioni, pika chungu kimoja kabla ya sufuria la chuo. Na kabla hujaanza, kubalianeni ni dalili gani ikionekana mtasimama. Mtu akishazama katika sifa za mradi hawezi tena kuitambua dalili hiyo asipokuwa ameiandika mapema kwa mkono wake.

Mwaka 1999 tulipata fedha za tangi la kuvuna maji ya mvua. Ramani ililiweka jikoni, kwa kuwa ndiko maji yanakotumika. Safari hii niliwaita wapishi kwanza. Mama mmoja akacheka akasema, "Baba, bati la jikoni lina masizi ya miaka ishirini. Mtatunywesha chai ya rangi bila majani." Tukalihamishia bwenini, paa safi, likawekewa bomba la kuteremsha maji jikoni. Nilipostaafu mwaka 2010 lilikuwa bado linatoa maji.

Watu walinisifu kwa tangi lile, nami nilizipokea sifa. Lakini najua somo lile lilikotoka na aliyelilipia ada. Nilisikia alifariki kijijini kwao miaka michache baada ya kupunguzwa kazi. Siku zote nilikuwa nikijiambia kwamba nitakwenda kumwona, nimweleze juu ya neno lile nililoliandika. Ulikuwa ni mwendo wa nusu siku kwa basi.