Maji ya Kisima: Twahara na Salama

Bismillahi Rrahmani Rrahim. Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimshukie Mtume wake. Amma baad.

Wako watu wa pwani ambao, wakiambiwa visima vyao vina maradhi, hujibu kwa hadithi ya kisima cha Budhaa. Mtume (s.a.w.) aliulizwa juu ya kutawadha kwa maji ya kisima hicho cha Madina, nacho hutupwa uchafu, akajibu kuwa maji ni twahara. Hadithi imethubutu, lakini hoja haikusimama. Swali lilikuwa la udhu, na jawabu ni la udhu. Katika madhehebu ya Imamu Shafi, maji yakifika kula mbili, yaani lita 200 hivi au zaidi, hayanajisiki ila yakibadilika rangi, tamu au harufu. Hiyo ni hukumu ya twahara, si dhamana ya afya. Mti wenye sumu nao ni twahara, na kuula ni haramu.

Vijidudu vya kipindupindu na homa ya matumbo havionekani kwa macho. Mwaka 1854 mjini London, kisima cha Broad Street kilisifiwa kwa maji mazuri. Bibi mmoja aliyekaa mbali akiletewa maji yake, akayanywa, akafa. Ikabainika kuwa shimo la uchafu la nyumba ya kando lilikuwa likivujia humo.

Pwani jambo hili ni zito zaidi, kwani mwamba wa matumbawe una nyufa, na maji ya choo hupenya upesi. Basi mwenye kisima na akiweke mbali na choo, kwa uchache mita 30, upande wa juu. Akiinue mdomo, akifunike, asakafie pembezoni, wala ndoo na kamba visilazwe chini. Maji yapelekwe maabara kila mwaka, na kila baada ya mafuriko: katika mililita 100 kisipatikane hata kijidudu kimoja cha kinyesi. Yakiwa na shaka, yachemshwe mpaka yatokote kwa dakika moja, kisha yafunikwe, kwani kufunika vyombo ni amri ya Mtume.

Na mwenye kuchimba choo ubavuni mwa kisima cha jirani asiseme, "Kiwanja ni changu." Mafakihi wamesema kila mtu hutumia milki yake kwa mujibu wa ada, akipita mpaka, dhamana ni juu yake. Atajibu nini Kiyama, ikiwa mtoto wa jirani amezikwa kwa sababu ya shimo lake?

Seyyidna Uthman alikinunua kisima cha Ruma, akawapa Waislamu wanywe, na thawabu yake inadumu. Kisima ni sadaka kikinywesha. Kikiua, ni hoja juu ya mwenyewe.

Wallahu aalam.