Faili la Nusu Megabaiti

Kijana mmoja mwenye duka la kuchapa na kudurufu alitamani kucheza tena gemu za PlayStation ya kwanza, mashine iliyotoka Japani mwaka 1994. CD anazo, mashine yenyewe ilishakufa. Akaweka emuleta, programu ya kuigiza mashine hiyo, kwenye kompyuta ya duka. Ikagoma: inadai BIOS.

BIOS ni programu iliyomo kwenye chipu ya mashine. Umeme ukiwaka, ndiyo inayoamka kwanza, kisha ndipo CD isomwe. Ni mali ya Sony, hivyo wenye emuleta hawaigawi. Kijana akaisaka ya bure mtandaoni, akapata jina lilelile alilolitaka: scph1001.bin. Maelezo yalimtaka azime antivirusi kwanza. Akazima. Akabofya mara mbili. Kimya. Akafunga duka, akaenda kulala.

Asubuhi kila faili lilikuwa na jina geni, na katikati ya kioo tangazo la kudai pesa. Barua za watu za kuomba kazi zimekwenda, ripoti za wanafunzi zimekwenda, na orodha ya michango ya harusi ya Jumamosi imekwenda. Mweka hazina alifika saa mbili kuichukua.

"Sasa mdogo wangu, kamati nikaiambie nini?"

Kijana akatazama kibodi.

Dalili zilikuwepo. BIOS ya mashine ile ina baiti 524,288 kamili, yaani nusu megabaiti. Faili lake lilikuwa na megabaiti 14. BIOS haibofywi: huwekwa kwenye folda yake, emuleta ikaisoma yenyewe. Tena Windows, usipoibadilisha, huficha herufi za mwisho za jina. Jina kamili lilikuwa scph1001.bin.exe, na hiyo exe ndiyo iliyomfungulia mwizi mlango.

Njia salama ipo. Mwenye mashine nzima anaweza kunakili BIOS kutoka humo. Asiye nayo atumie emuleta yenye BIOS mbadala, kama PCSX-ReARMed, hata kama gemu kadhaa zitamsumbua.

Mtaka cha mvunguni sharti ainame. Nawe msomaji, faili lolote likikuomba uzime mlinzi ndipo liingie, lifute papo hapo. Na kompyuta inayotunza kazi za watu usiichezee gemu.