Kabla Hamjampigia Zero Makofi

Wajukuu zangu, naona mmerudia kutazama Code Geass, ile katuni ya Kijapani ya mwaka 2006. Siwakatazi. Dola la Britannia linaiteka Japani, linawavua watu jina na kuwapa namba, na nyuma ya yote kuna madini, sakuradite. Mtu aliyekulia karibu na machimbo ya Mashamba, hapa Kolwezi, haelezwi hapo.

Ila kila Lelouch, yule kijana anayeongoza uasi, anapovaa kofia yake ya Zero, mnashangilia tu. Na Suzaku, rafiki yake Mjapani, mnamwita msaliti kwa sababu alivaa sare ya dola. Polepole. Baba zetu nao walifanya kazi Gécamines, kampuni ya madini ya serikali, chini ya Rais Mobutu, na mshahara ule ndio uliotusomesha.

Sikieni habari za mji huu. Tarehe 13 Mei 1978, waasi wa FLNC, walioitwa Tigres, waliingia Kolwezi kutoka Angola, wakipitia Zambia. Wengine walikuwa askari wa zamani wa Katanga, ile iliyojitenga chini ya Tshombe. Madai yao yalikuwa na uzito: askari wa Mobutu walikuwa wamewatesa raia baada ya vita vya 1977, kwa hiyo wapo waliowapokea kwa furaha. Haikupita wiki, nidhamu ikavunjika. Raia wakauawa, weusi kwa mamia, wazungu zaidi ya mia. Tarehe 19 Legioni ya Kigeni ya Ufaransa ikashuka kwa miamvuli na kuokoa watu. Kamanda wake, Kanali Erulin, alikuwa ametuhumiwa kutesa wafungwa Algeria. Kisha jeshi la Mobutu likarudi, na hofu ikarudi nalo. Haya, katika hao mtamvika nani joho la Zero?

Sisemi dhuluma ivumiliwe. Nasema mtu akiwajia kijiweni na habari za haki na bunduki, msimuulize adui ni nani, maana hilo ameshalipanga. Muulizeni wapiganaji wake watakula kwa nani, na siku wakilewa nani atawanyang'anya silaha. Akikasirika, ondokeni.

Halafu mkifika kipindi cha 22 cha msimu wa kwanza, Euphemia, binti wa mfalme wa Britannia, anapofungua eneo lake la amani kwa Wajapani na Lelouch, mwenye nguvu ya Geass ya kuwaamuru watu, anatamka utani unaogeuka amri ya kuua, simamisheni picha mniite. Nataka mnieleze, mmoja mmoja, wale Wajapani waliokuja uwanjani walikuwa upande gani.