Kuelewa si Kupenda

Mwaka 1966, Marshall McLuhan, profesa wa Toronto, alisema kwenye televisheni ya Kanada kwamba yeye hupinga mabadiliko yote. Ila ameamua kuyaelewa, yasije yakamkanyaga. Kumbe! Na watu walidhani ni shabiki wa TV.

Mwanzoni nilimwona mnafiki. Unapinga kitu huku kinakupa jina? Halafu nikajikumbuka. Nilipoacha chuo, hela yangu ya kwanza ya kuandika mtandaoni nilimnunulia shosho TV. Kabla ya hapo jioni zilikuwa za hadithi, na stima ikipotea ndio zilinoga. Siku hizi taarifa ya saa moja ikianza, hata mimi naambiwa ninyamaze.

McLuhan alifundisha kwamba chombo chenyewe hutubadilisha kuliko yale yanayosemwa ndani yake. Sawa, nimeelewa. Lakini kuelewa kumemsaidia nani hapa nyumbani? Naweza kuizima hiyo TV. Shosho ataniuliza kwa nini, na sina jibu lisilonifanya mkubwa wake.

Jana stima ilipotea dakika kumi. Tulikaa tu gizani, kila mtu akingoja irudi.