Mchezo Aliouandika Mwenyewe

Philippe Fabre, mzaliwa wa Carcassonne kusini mwa Ufaransa, alishinda ujanani tuzo katika mashindano ya ushairi ya Toulouse: yungiyungi la fedha. Akasema kapewa waridi-mwitu la dhahabu, akalibandika hata kwenye jina lake, Fabre d'Églantine. Ushindi wa kweli alikuwa nao; haukumtosha.

Akazunguka miaka na vikundi vya maigizo. Wimbo wake wa mwaka 1780, wa mchunga kondoo na mvua, watoto wa Kifaransa wanauimba mpaka leo. Lakini mimi hurudi zaidi kwenye mchezo wake wa mwaka 1790, *Le Philinte de Molière*. Yumo bwana mmoja mstaarabu anayesikia kwamba mtu fulani ametapeliwa kwa hati, akakataa kusaidia. Pilipili asizozila zinamwashia nini? Mara anagundua kwamba mtu huyo ni yeye mwenyewe.

Miaka mitatu baadaye mwandishi huyohuyo, sasa mbunge wa Konventi, bunge la Mapinduzi ya Ufaransa, na swahiba wa Danton, mmoja wa viongozi wa mapinduzi hayo, sahihi yake ikakutwa kwenye amri ya kufilisi Kampuni ya India, kampuni ya biashara ya Kifaransa. Amri ilikuwa imechezewa, wakubwa wa kampuni wapate kunufaika.

Wepesi wetu ni kumwita mnafiki, tukamaliza. Mimi sidhani. Nadhani kila neno la mchezo ule alilimaanisha. Ukiwa umeketi na kalamu, anayejaribiwa ni mhusika, nawe unaona wazi alipopotoka. Fedha ikiwekwa mezani pako, hakuna anayekuandikia maneno ya kusema. Kuujua ubaya kwa undani kiasi cha kuuigiza hakumkingi mtu nao. Pengine humpa kujiamini kusikostahili.

Siwasifu waliomhukumu. Kesi ilikuwa ya kisiasa, na washtakiwa, Danton akiwemo, walipowasumbua majaji kwa maswali, Konventi ilipitisha amri ya kuwanyamazisha. Tarehe 5 Aprili 1794 Fabre alikatwa kichwa kwa gilotini, siku moja na Danton.

Kalenda ya Jamhuri, kalenda mpya ya mapinduzi, haikufutwa pamoja naye. Ndiye aliyeipa miezi majina ya ukungu, theluji, mavuno na joto, na waliomuua waliendelea kuhesabu siku zao kwa majina hayo. Robespierre, mkubwa wao, aliangushwa tarehe 9 Thermidor, mwezi wa joto, yaani 27 Julai mwaka uleule.