Daftari na Haki ya Kuuliza

Kila deni lina watu wawili, mdai na mdaiwa. Lakini daftari la deni aghalabu hukaa mkononi mwa mmoja. Katika duka dogo la Bulyaga, mjini Tukuyu, mwenye duka huandika sukari na sabuni zilizochukuliwa kwa mkopo, na mwisho wa mwezi mteja husomewa hesabu yake. Akisikia kitu asichokitambua hukikana palepale. Mwenye duka hufungua ukurasa, hutaja siku, huita mtoto aliyetumwa, na mara nyingi shauri huisha kwa maneno machache. Lakini fedha nyingi za watu wa leo hazipiti tena katika daftari la namna hiyo. Mshahara wa mwalimu, malipo ya mkulima wa chai, na fedha anazotuma mtoto aliye Mbeya au Dar es Salaam hupita katika benki na katika simu, na hesabu zake huandikwa na mashine iliyo mbali. Swali lililokuwa jepesi dukani limekuwa zito. Mtu akikuta katika taarifa ya akaunti yake makato asiyoyajua, ana wajibu gani? Na mwenye daftari ana wajibu gani kwake?

Kishawishi cha kwanza ni kunyamaza. Makato yenyewe huwa madogo. Mwalimu wa Bulyaga atahesabu foleni ya benki na kipindi atakachokosa kufundisha. Mkulima wa Mwakaleli ataongeza nauli ya kwenda Tukuyu na kurudi, na mvua ya Rungwe isiyomngoja mtu. Wote wawili wataona kuwa kulalamika kuna gharama kubwa kuliko hasara. Hesabu hiyo ni sahihi kwa siku moja, na ni ya uongo kwa mwaka. Haba na haba hujaza kibaba, na kibaba cha mwizi hujazwa kwa njia iyo hiyo. Wezi wa kadi huanza mara nyingi kwa kukata kiasi kidogo, wapate kujua kama kadi ingali hai na kama mwenyewe yu macho. Kimya cha mwenye mali si ridhaa mbele ya dhamiri, lakini mbele ya daftari hufanana sana na ridhaa. Wala kimya hicho hakimdhuru yeye peke yake, kwa kuwa kosa lisilosemwa na mmoja huachwa liwapate wengi.

Kishawishi cha pili ni kinyume cha kile cha kwanza, nacho ni kupiga kelele za wizi kabla ya kutazama. Jina geni si ushahidi wa uhalifu. Duka hujulikana mtaani kwa jina moja, na katika taarifa ya benki huonekana kwa jina la kampuni iliyosajiliwa, au kwa jina la wakala anayelikusanyia fedha. Kitu kilichonunuliwa kwa dola huandikwa kwa shilingi kwa kiwango cha siku nyingine, pamoja na ada ya kubadilisha fedha, hata jumla isifanane na bei aliyoikumbuka mnunuzi. Malipo ya Ijumaa yaweza kuandikwa Jumatatu. Huduma iliyojaribiwa bure kwa mwezi mmoja huanza kudai ada mwezi wa pili, kwa sababu aliyeijaribu hakuikatisha. Na pengine kadi ilitumiwa na mtu wa nyumba ile ile aliyesahau kusema. Kwa hiyo utambuzi hutangulia mashtaka. Mwenye kadi hutazama tarehe na kiasi, hupekua stakabadhi na ujumbe wa simu, huwauliza wa nyumbani, kisha huiuliza benki. Ila akiwa na dalili kwamba kadi au namba ya siri imeingia mikononi mwa mwingine, jambo la kwanza ni kuomba kadi ifungwe upesi, na mabishano yafuate baadaye. Anayekana ununuzi alioufanya kweli humnyang'anya muuzaji mali yake, na humchafulia njia mlalamikaji mwaminifu atakayefuata.

Tena yako makato yasiyo kosa wala wizi, lakini mkatwaji hakuyaelewa. Tarehe 15 Julai 2021 Tanzania ilianza kutoza tozo juu ya kutuma na kutoa fedha kwa simu, mbali na ada za kampuni zenyewe. Watu wengi waliona salio lao limepungua kuliko walivyozoea, na malalamiko yakaenea nchi nzima. Mwezi wa Septemba mwaka huo tozo ikapunguzwa kwa asilimia 30. Kisa hiki chafundisha kutenganisha maswali mawili. La kwanza ni kama makato haya yamefanywa kwa haki ya sheria iliyopo. Hilo huulizwa benki au kampuni ya simu. La pili ni kama sheria yenyewe ni ya haki. Hilo huulizwa Bungeni na mbele ya umma. Anayelipeleka la pili kwa karani wa dirishani humwonea karani, na anayelimeza kwa sababu karani hana jibu hujionea mwenyewe.

Hata baada ya mlalamikaji kutazama kwa makini, hubaki jambo gumu kuliko yote. Yeye asema hakulipa. Mashine yasema alilipa. Nani athibitishe? Wako wasemao kwamba mashine haina tamaa wala usahaulifu, ilhali watu wana vyote viwili, na kwamba kumwamini kila mlalamikaji ni kufungua ghala kwa waongo. Hoja hii ina uzito, lakini Uingereza imeonyesha kwa gharama kubwa mwisho wake ulivyo. Mwaka 1992 askari polisi mmoja wa Cambridgeshire alilalamika kwamba fedha zimetolewa katika akaunti yake kwa mashine bila yeye kujua. Taasisi iliyotunza fedha zake ilishikilia kwamba mitambo yake haikukosea, na mlalamikaji akageuzwa mshtakiwa. Mwaka 1994 alitiwa hatiani kwa kujaribu kujipatia fedha kwa udanganyifu. Aliachiliwa kwa rufani mwaka 1996, baada ya taasisi hiyo kukataa mtaalamu wa upande wake asiikague mitambo. Funzo hilo halikushika. Kati ya mwaka 1999 na 2015 zaidi ya wasimamizi 900 wa vituo vya posta nchini humo walitiwa hatiani katika kesi zilizohusu hesabu za kompyuta iliyokuja kuonekana kuwa na kasoro. Ilihitajika sheria ya Bunge ya mwaka 2024 kuzifuta hukumu nyingi kwa pamoja.

Katika visa hivyo daftari lilichukuliwa kuwa shahidi, na aliyelishika hakutakiwa kulifungua. Hapo ndipo haki ilipopotea. Kumtaka mtu athibitishe kwamba hakutenda jambo ni kumtwisha mzigo usiobebeka, hasa kama ushahidi wote umefungiwa katika nyumba ya mpinzani wake. Haki haidai kwamba mlalamikaji aaminiwe, bali kwamba ukurasa ufunguliwe. Sheria ya Marekani ya mwaka 1974 kuhusu hesabu za mikopo iliugawa mzigo huo vizuri: mwenye kadi ya mkopo aandike malalamiko katika siku 60 tangu apelekewe hesabu, naye mdai akiri kuyapokea katika siku 30 na amalize uchunguzi kwa muda usiozidi siku 90. Nchini Tanzania, kanuni za Benki Kuu za mwaka 2019 za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha humtaka mlalamikaji aanze kwa mtoa huduma wake, na asiporidhika aweza kulipeleka jambo Benki Kuu.

Lakini kanuni haimsaidii asiyesoma hesabu yake. Mwaka 1966 kamati maalumu ya Rais iliyochunguza vyama vya ushirika nchini ilitaja, pamoja na ukosefu wa uaminifu, kwamba wanachama hawakuwa na elimu ya kutosha juu ya vyama vyao. Mambo hayo mawili hulishana, kwa maana asiyejua hesabu humpa nafasi asiye mwaminifu. Wahenga walisema mali bila daftari huisha bila habari. Wakati huu daftari lipo, nalo ni refu na sahihi kuliko yote yaliyotangulia, na mali yaweza kuisha bila habari vilevile ikiwa mwenye mali halisomi na mwenye daftari halifungui. Barua fupi yenye tarehe, kiasi na namba ya muamala, na nakala yake ikatunzwa nyumbani, ni kitu kidogo. Hata hivyo humlazimisha mwenye nguvu kumjibu asiye na nguvu, na pasipo wajibu wa kujibu hapana uaminifu wa kudumu kati ya watu wawili wa deni moja.