Sikio la Malko

Tarehe 7 Januari 2015 watu wawili wenye bunduki waliliendea gazeti la Charlie Hebdo mjini Paris, wakaua watu 12, kwa kuwa lilichora picha za kumdhihaki Mtume wa Waislamu. Siku nne baadaye watu zaidi ya milioni tatu waliandamana katika Ufaransa yote, wengi wakisema, "Mimi ni Charlie."

Ndipo watu wakabishana katika televisheni: je, asiyekubali kusema hivyo ni mwenzetu kweli? Umoja gani huo, unaomlazimisha mtu neno huku ukisifu uhuru wa kusema?

Gazeti hilo liliwacheka Wakristo pia, nami sizipendi picha zake. Walakini Mkristo asiseme, "Wamevuna walichopanda." Petro alipomtetea Bwana kwa upanga, Bwana alimkataza, akaliponya sikio la Malko, naye Malko alikuwa pamoja na waliokuja kumkamata! Kama Bwana hakutaka heshima yake ilindwe kwa damu, sisi tutamsifu nani aliyeimwaga?

Wala tusiwahesabu Waislamu wote pamoja na wauaji. Ahmed Merabet, polisi aliyeuawa njiani siku ile, alikuwa Mwislamu. Tena tarehe 9 duka la Wayahudi liliposhambuliwa, Lassana Bathily, Mwislamu mzaliwa wa Mali aliyefanya kazi humo, aliwaficha wateja katika chumba cha baridi chini ya duka, akazima mtambo na taa, akatoka kuwapasha polisi habari. Nao kwanza walimfunga pingu, wakimdhania kuwa mmoja wa wauaji.